Barua kwa mwanangu aliye Warsaw

Mwanangu mpenzi,

Salamu kutoka Tanga. Huku sote wazima. Mdogo wako amerudi chuoni juzi, na mwembe wa nyuma umezaa mpaka majirani wanakuja na ndoo.

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara tatu. Mara ya kwanza nilisikia habari za mjukuu wangu tu, kwamba mwalimu wake amekushauri umpeleke kwenye kikundi cha maigizo cha vijana, mara mbili kwa wiki baada ya masomo. Mara ya pili nikasikia hesabu zako: yuko darasa la sita, mtihani wa darasa la nane unakuja, Kipoland chake cha kuandika bado kinayumba, na saa hizo ungependa aziweke kwenye hisabati. Mara ya tatu ndipo nikalisikia swali lenyewe, lile ulilolipitisha haraka karibu na mwisho: "Mama, maigizo yatamfaa nini mtoto ambaye sitaki awe mwigizaji? Na wewe ulinitoa kwenye kikundi nikiwa kidato cha pili. Mbona huyu unamshangilia?"

Nimeona nisikujibu kwa simu. Kwenye simu ningejitetea.

Nianze na Halina Machulska, ambaye unasema mwalimu alimtaja kana kwamba kila mzazi anamjua. Hapo Warsaw wanaomjua ni wengi. Ni mwigizaji na mwongozaji wa michezo ya jukwaani. Mumewe, Jan Machulski, naye alikuwa mwigizaji. Watu wa rika langu huko watakwambia mara moja kwamba ndiye Kwinto, yule mvunja sefu wa filamu ya Vabank ya 1981. Aliyeiongoza filamu hiyo ni mtoto wao, Juliusz. Nyumba nzima ilikuwa ya sanaa, na wangeweza kuishi kwa kupigiwa makofi.

Mwaka 1970 mume na mke hao walianzisha ukumbi mdogo katika wilaya ya Ochota, wakauita Teatr Ochoty. Kilichonivuta mimi ni desturi moja ya ukumbi ule. Mchezo ukiisha, watazamaji walibaki kwenye viti, waigizaji wakaja kuzungumza nao juu ya kile walichokuwa wamekiona pamoja. Na watazamaji wengi walikuwa vijana wa shule.

Ukiwa huku Tanga na mwaka wa leo unaweza kusema, basi, mazungumzo tu. Lakini tazama ilikuwa nchi gani. Desemba ya mwaka huohuo 1970 wafanyakazi wa miji ya bandari ya Baltiki waligoma kwa ajili ya bei ya chakula, wakapigwa risasi. Magazeti, vitabu na tamthilia vilipita kwanza kwenye ofisi ya udhibiti, na ofisi hiyo ilidumu mpaka 1990. Desemba 1981 ikatangazwa sheria ya kijeshi, kumbi zikafungwa kwa muda, na waigizaji wengi wakakataa kuonekana kwenye televisheni ya serikali. Katika nchi ya namna hiyo, msichana wa miaka kumi na sita akiinua mkono mbele ya watu na kusema, "Mimi sikukubaliana na yule baba kwenye mchezo," na mtu mzima akamwuliza "kwa nini?" kwa nia ya kutaka kujua, hilo ni jambo zito, mwanangu. Shuleni jibu lilikuwa limeandikwa tayari kitabuni. Pale lilikuwa linasubiriwa kutoka kwake.

Tena hawa wenyewe walikuwa watoto wa vita. Jan alizaliwa Łódź 1928. Wajerumani walipoingia 1939 waliuunganisha mji ule na nchi yao, wakaupa jina jingine, wakafunga shule za Kipoland. Warsaw na Kraków sekondari na vyuo vikuu vilifungwa, walimu wakafundisha kwa siri majumbani huku wakijua kwamba wakikamatwa ni kambini au kifo. Michezo ya kuigiza nayo ilijificha sebuleni mwa watu. Huko Kraków, kuanzia 1941, palikuwa na kikundi kidogo kilichoigiza kwenye nyumba za watu karibu bila pambo lolote, neno tupu. Na mmoja wa vijana wake alikuwa Karol Wojtyła, huyohuyo Papa Yohane Paulo wa Pili aliyekuja kwetu Tanzania 1990. Wapoland wengine wa rika hilo walikulia hapahapa kwetu. Kuanzia 1942 walikaa Tengeru, karibu na Arusha, wapatao elfu tano, wengi wao wanawake na watoto waliokwisha kutupwa Siberia na kuvushwa Uajemi. Tulipopita pale ukiwa mdogo nilikuonyesha njia ya kwenda kwenye makaburi yao. Ulikuwa umelala. Nakumbuka.

Kwa hiyo mimi nasadiki kwamba kwa watu wa kizazi kile, kusimama mbele ya wenzako na kusema maneno kwa lugha yako hakukuwa burudani ya jioni tu. Ndiyo maana, nadhani, mwanamke mwenye jukwaa lake alichagua kutumia miaka mingi hivyo na watoto wa watu.

Uliniuliza kwa nini kikundi kiitwe ognisko, "moto." Kando ya ukumbi wao Halina aliendesha ognisko la maigizo, na jina la akina Machulski likashikamana nalo. Kwa Kipoland neno hilo ni moto wa kuota, ule wanaouzunguka usiku nje, na pia ni mahali pa kujifunzia sanaa nje ya shule: kuna ognisko la muziki, kuna la uchoraji. Mimi lilinikaa moyoni bila kufasiriwa. Bibi yako kule Pangani alitukalisha jikoni baada ya chakula, makaa yakiwa bado mekundu kwenye mafiga. "Paukwa!" Na tusipoitikia "Pakawa!" kwa nguvu alinyamaza, akachochea moto, akangoja. Hadithi haikuondoka mpaka tumejibu. Wapo waliopita kwenye ognisko la Halina wakaja kuwa waigizaji wanaojulikana nchini mwao, na hao ndio watu huwahesabu. Mimi nawafikiria zaidi wale waliokuja kuwa wauguzi na wahandisi na mama wa watu.

Halina pia ni miongoni mwa waliopeleka Poland ile njia ya kufundishia ambayo Waingereza huiita drama. Wapoland walilichukua neno lilivyo, kwa sababu kwao dramat ni tamthilia iliyoandikwa, na hii ni kitu kingine: hakuna onyesho, hakuna mtazamaji, wote wamo ndani. Mwalimu anawapa hali fulani na kila mmoja anavaa uhusika papo kwa papo. Mmoja anakaa kwenye kiti kama mhusika, wenzake wanamwuliza kwa nini alifanya alichofanya, naye anajibu kwa kinywa cha mhusika. Brian Way, Mwingereza aliyeshiriki kuanzisha kikundi cha Theatre Centre London 1953, alilieleza jambo hili katika kitabu chake cha 1967 kwa mfano wa swali: kipofu ni nani? Unaweza kujibu kwamba ni mtu asiyeona. Au unaweza kumwambia aliyeuliza afumbe macho, kisha, akiwa ameyafumba, atafute njia ya kutoka chumbani.

Mfano huo nimeuishi. Wewe ukiwa darasa la pili nilikwenda Morogoro kwenye semina ya walimu, mwezeshaji akatufunga vitambaa machoni akatuacha. Nilikuwa na mwanafunzi mwenye uoni hafifu kwa miaka miwili. Nilikuwa nimemkalisha dawati la mbele nikaona nimemaliza wajibu wangu. Dakika zile nikigonga goti kwenye kona ya meza, nikisikia wenzangu wananong'ona nisijue kama wananong'ona juu yangu, nilijua kwamba mtoto yule sijawahi kumwuliza lolote. Niliporudi nikamwuliza anataka kukaa wapi. Akasema karibu na dirisha, kwa sababu kule mbele ubao unameta. Miaka miwili, mwanangu! Na jambo lenyewe lilikuwa kusogeza dawati.

Sasa nikujibu la pili, lililo gumu.

Nilijua yote hayo, na bado nikakutoa. Zilikuwa siku za TUSEME, ule mradi ulioanzishwa 1996 na walimu wa sanaa za maonyesho wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, akina Penina Mlama na Amandina Lihamba, ili wasichana wa sekondari waseme kwa maigizo yale yanayowakwamisha. Shule yenu haikuwamo kwenye mradi, ila mwalimu wenu alikuwa ameupenda akauiga. Mlikuwa mnatunga igizo la msichana anayeachishwa shule akauze maandazi, na wewe ulikuwa shangazi mtu. Ulikuwa ukija nyumbani na sauti ya shangazi, unamgombeza paka. Baba yako, Mungu amrehemu, alikuwa amepunguzwa kazi mwezi wa tatu. Mtihani wa kidato cha pili ulikuwa mbele yetu. Nikakuita jikoni nikakuambia maigizo basi, jioni ni tuisheni. Ukasema, "Sawa, mama."

Ulifaulu, na ukaendelea kufaulu mpaka ukafika hapo ulipo, na kila aliyekusifu nilichukua sifa yangu humo. Lakini ile "sawa, mama" imenifuata. Hukubisha wala kununa. Yule shangazi aliyegombeza paka hakurudi tena nyumbani kwetu. Na mwaka juzi uliponiambia kwamba kazini unakaa kikaoni ukiwa na jibu, unaligeuzageuza, mpaka mwingine analisema na kushukuriwa yeye, nilikuaga kwa sauti ya kawaida, kisha nikakaa kitandani nikalia. Siwezi kuapa kwamba maigizo yangekufanya mtu mwingine. Naweza kusema kwamba ulikuwa umepata mahali ambapo sauti yako ilikuwa inatoka, na nikapafunga mimi, kwa sababu ya hofu ya hela. Nilikosea. Nisamehe.

Ndiyo maana huyu namshangilia. Mume wangu mdogo aliniambia Idi iliyopita, wewe ukiwa jikoni, kwamba darasani hutunga sentensi yote kichwani kwanza ndipo ainue mkono, na akiwa tayari mwalimu ameshahama. Alinieleza kama anayeeleza hali ya hewa. Umri wake ni kumi na miwili, na tayari ameanza kikao chako.

Fikiria atakachokutana nacho kwenye kikundi. Atasema maneno ya Kipoland akiwa amesimama, mikono inatembea, mwenzake anamjibu, kisha wanarudia, kisha wanarudia tena. Lugha inaingia kwa njia ya mwili. Na akikosea akiwa amevaa uhusika wa mzee wa posta, aliyekosea ni mzee wa posta. Mtihani unaouogopa una karatasi ya Kipoland pia, siyo hisabati peke yake. Hisabati ipeni Jumamosi asubuhi, mwache na baba yake, ambaye anaijua vizuri kuliko tuisheni yoyote.

Ila usimpeleke kwa upofu. Nenda siku ya kwanza, kaa pembeni dakika chache, tazama. Kama watoto watatu wana maneno na kumi na wawili wamevalishwa majani wasimame nyuma, mtoe, mtafutie kwingine, na hapo hutakuwa unarudia kosa langu. Kama mwongozaji anawaonyesha kila ishara na wao wanaiga kama kasuku, hilo nalo mimi silipendi, hata onyesho likipendeza. Mtazame mwongozaji akiuliza swali: je, anangoja? Mwalimu anayejua kungoja jibu la mtoto mwenye lafudhi ya kigeni, mshike huyo. Ukiridhika, ondoka, wala usirudi dirishani kuchungulia. Watoto huigiza vingine mzazi akiwa anatazama.

Wanacho pia chama cha dunia cha maigizo ya watoto na vijana, ASSITEJ, kilichoanzishwa Paris 1965. Halina aliwahi kuongoza tawi lake la Poland. Mwaka 2017 mkutano wao mkuu ulifika Afrika kwa mara ya kwanza, Cape Town. Kila tarehe 20 Machi ni siku yao, na kumbi nyingi huwa na jambo. Ukiona tangazo la hapo Warsaw, mpeleke, na uende naye. Keti katikati, siyo nyuma. Wakiwaacha watu waulize, uliza wewe. Kwa Kipoland chako hichohicho.

Nimekutumia kwa mkono wa yule jirani anayekuja huko mwezi ujao kanga moja kuukuu, ile ya zambarau. Ni ya kuchezea, wamfunge yeyote wampendaye. Zamani uliifunga kiunoni ulipokuwa shangazi.

Jumapili nikipiga simu nipe yeye kwanza. Nataka nimwulize wiki hii alikuwa nani.

Mama yako akupendaye,
Tanga