Glasi ya tatu: kwako uliyepewa sentensi nne

Mwongozaji aliponiambia nitacheza mlinzi wa geti, swali langu la kwanza lilikuwa nina maneno mangapi. Sentensi nne, akasema. Wiki nzima ya mazoezi nikawa naingia, nazitema, natoka, nimenuna. Halafu usiku mmoja nikaangalia tena Casablanca, filamu ya 1942, na macho yangu yakamng'ang'ania Carl, mhudumu mkuu wa mkahawa wa Rick.

Anayemcheza Carl ni S. Z. Sakall, Mhungaria aliyezaliwa Budapest mwaka 1883. Alianzia huko kwao kwa kuandika vichekesho vya jukwaani, akaigiza Vienna na Berlin. Wanazi walipotwaa madaraka Ujerumani alirudi nyumbani, na mwaka 1940 akakimbilia Marekani, mtu mzima wa miaka 57, mwenye Kiingereza cha lafudhi nzito. Dada zake watatu walifia katika kambi za Wanazi.

Basi tazama hapa. Mume na mke, wazee wakimbizi wanaosafiri kesho kwenda Marekani, wanamkaribisha Carl anywe nao. Anawajibu kwamba alijua watamkaribisha, ndiyo maana amekuja na brandi nzuri, pamoja na glasi ya tatu. Wazee wanajizoeza Kiingereza, hata kuulizana saa wanakosea. Carl hawasahihishi. Anawaambia Marekani watakwenda vizuri tu.

Glasi ile iliandikwa kwenye mswada, najua. Lakini ukimtazama Sakall unaamini kabisa kwamba huyu mzee ameiwazia tangu huko alikotoka. Na hilo ndilo ninalokuomba ulifanyie kazi: kabla hujaingia jukwaani, jua mtu wako ametoka wapi, alikuwa anawaza nini, na kwa sababu hiyo amebeba nini mkononi.

Mimi niliamua kwamba mlinzi wangu amemsubiri binti wa nyumba ile miaka yote aliyokuwa mbali. Kwa hiyo alipoingia getini, kabla hajatafuta pa kukaa, nilikuwa nimeshavua kofia na kumpangusia kigoda. Sentensi zilibaki nne zile zile. Usiku wa kwanza nikasikia mama mmoja mstari wa mbele akisema taratibu, "Ee, baba."

Jambo kama hilo lionyeshe kwenye mazoezi, mwongozaji akubali, wenzako walizoee. Usilizue mbele ya watazamaji, maana binti angeweza kuwa katikati ya sentensi yake nzito na wewe unahangaika na kigoda.

Suala la malipo nalo usilionee haya. Sakall kwanza aliikataa nafasi ya Carl. Akataka ahakikishiwe wiki nne za kazi, wakaafikiana tatu. Ulizia yako kabla ya siku ya kwanza ya mazoezi, hata kama unacheza mlinzi.