Tarehe ya hoja za maandishi imepita, wakili anasema "tutapeleka tu": yaliyonikuta mimi

Mkuu, umesema jaji ameamuru rufaa yako ya kiwanja isikilizwe kwa maandishi, tarehe yako ya kuwasilisha hoja imepita juzi, na wakili anakutuliza kwamba hakuna shida, mtapeleka tu. Shida ipo, tena kubwa.

Mimi, hapa Tanzania, nilishindwa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, nikakata rufaa Mahakama Kuu ndani ya zile siku 45. Nikajiona nimemaliza kazi. Siku ya kutajwa jaji akapanga: mleta rufaa awasilishe hoja tarehe hii, mjibu rufaa tarehe ile, majibu ya nyongeza kama yapo, kisha hukumu. Dakika tano tuko nje. Mimi niliona ratiba tu, kumbe kwa mahakama ule ndio usikilizwaji wenyewe. Usipoleta maandishi ni sawasawa na jina lako kuitwa pale koridoni ukawa hupo.

Wakili wangu alikuwa mkoani kwenye kesi nyingine. Hoja zikaingia kwenye mfumo wa mahakama wa mtandaoni siku nne baada ya tarehe kupita, bila kuomba ruhusa. Upande wa pili hawakuhangaika hata na sababu moja ya rufaa. Walisema zimechelewa, zisisomwe. Hazikusomwa. Rufaa ikatupwa kwa kutoendeshwa, yaani mleta rufaa hakuifuatilia, na gharama juu yangu. Nilikuwa na sababu nne, mbili naamini mpaka leo zilikuwa na nguvu. Hakuna aliyezigusa.

Angalia hilo neno "kutupwa". Rufaa ikiondolewa mahakamani kwa kasoro ya nyaraka, mara nyingi unarekebisha na kurudi, kama muda bado unao. Ikitupwa kwa kutoendeshwa, hufungui nyingine. Unarudi mahakama ileile kuomba irejeshwe, na hati ya kiapo yenye sababu ya kutosha. Niliomba. Kiapo chetu kwa kifupi kilisema wakili alibanwa na kazi, na majaji wetu wameshasema mara nyingi kwamba uzembe wa wakili si sababu. Nikagonga mwamba.

Muda wote huo mpinzani wangu hakulala. Kukata rufaa peke yake hakuzuii utekelezaji wa hukumu ya Baraza, lazima upate amri ya kuusimamisha, nami sikuwa nayo. Dalali wa mahakama, yule anayetekeleza hukumu, akaja na notisi ya siku 14. Mke wangu ndiye aliyeipokea, mimi nikiwa kazini.

Kwa hiyo msipakie kitu kimyakimya. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, kifungu cha 93 (toleo la 2019) inampa jaji uwezo wa kuongeza muda aliouweka, hata kama umeshapita. Wakili apeleke maombi leo na aeleze kila siku iliyopotea. Siku mbili zinaelezeka. Ishirini utatoka jasho. Kama aliumwa, aambatanishe cheti. Kama mfumo uligoma, picha ya skrini inayoonyesha tarehe na saa. Akikuambia ataandika "nilibanwa", mkatalie.

Na umwombe nakala ya mwenendo, yaani kumbukumbu ya mahakama, wa siku ile amri ilipotolewa, uisome mwenyewe. Mimi ya kwangu niliisoma dalali akiwa ameshafika.