Pindo la sweta linalojikunja
Dada, umeuliza kwa nini mapindo ya sweta za shule unazofuma kwa mashine huko Kawangware hujikunja hata baada ya kupigwa pasi. Uzi hauna kosa. Ufumaji wa kawaida huweka uso wa vitanzi vyote upande mmoja, na kwa kuwa upande wa mbele na wa nyuma wa kitambaa hazivutani sawasawa, ukingo wa chini hujikunja kuelekea mbele, na wa kando kuelekea nyuma. Ili pindo litulie, anza kwa sentimita 5 hivi za vitanzi 2 vyenye uso mbele na 2 vyenye uso nyuma, kwa kupokezana. Mashine yenye safu moja ya sindano haiwezi kufuma hivyo yenyewe, kwa hiyo sehemu hiyo ifume kwa mkono, ingawa inachosha. Pasi ya moto, kusema kweli, huulegeza uzi wa akriliki (uzi wa sintetiki) usirudi tena hali yake.