Muulize Bi. Shamba: Vyeti Tele, Kayongo Vilevile

SWALI: Dada, pokea salamu kutoka Luanda, Vihiga. Shamba langu halifiki nusu eka, na kayongo, lile gugu linalonyonya mahindi, imelitawala tangu enzi za mama mkwe. Miradi haiishi kuja huku. Tunaitwa kwenye ukumbi wa kanisa, tunapewa kalamu na daftari, tunaonyeshwa picha ukutani, tunakula wali, tunarudishiwa nauli. Vyeti vyangu vimejaa mfuko mzima juu ya kabati, lakini mavuno ni gorogoro za kuhesabu. Kila siku redioni naambiwa maarifa ndiyo yatakayojenga jamii itakayodumu. Haya niliyopewa yamenijengea nini?

JIBU: Dada wa Luanda, nilifanya kazi ya ugani kutoka Bumala hadi Maseno, watu wakiniita bwana shamba japo nimejifunga leso, nami naitika. Semina hizo nazijua nje ndani. Kwa hiyo nikuulize kwanza: katika mfuko huo wote wa vyeti, yupo hata mkufunzi mmoja aliyekaa akakueleza kayongo inaishije? Sisemi inavyong'olewa. Inavyoishi.

Mbegu yake ni ndogo kama chembe ya ugoro. Mmea mmoja ukikomaa hudondosha makumi ya maelfu ya mbegu, na mbegu hizo zaweza kulala udongoni zaidi ya miaka kumi zikisubiri. Zinasubiri mzizi wa mahindi, mtama au wimbi. Mzizi ukipita karibu hutoa kemikali fulani, mbegu inaamka, inajishikiza kwenye mzizi na kuanza kunyonya maji na chakula. Haya yote yanatokea chini, wewe huoni kitu. Siku unapoona yale maua ya zambarau yanayopendeza macho, hasara kubwa ya msimu huo imeshatokea.

Sasa mtu aambiwe tu, "Ng'oeni kayongo," bila hayo mengine. Atangoja ichanue ndipo aione vizuri. Kuna mama mmoja hodari niliyemtembelea, shamba safi kama uwanja, amelundika kayongo iliyokomaa kando ya njia wanayopita ng'ombe. Agizo alilitimiza barabara. Mvua ya jioni ikazoa mbegu hadi kwa jirani wa chini, kwato zikabeba zilizobaki, na ng'ombe waliotafuna lundo wakazirudisha shambani kwenye samadi. Angejua kwamba adui ni mbegu, angeing'oa kabla haijachanua na kuichoma moto. Kazi ni ileile, jasho ni lilelile.

Ndiyo maana siwezi kukuambia umepewa maarifa ukanyimwa bahati. Nadhani umepewa maagizo.

Tuchukue njia ya sukuma-vuta, ambayo sina shaka imo kwenye moja ya vyeti vyako. Ilianza kufanyiwa kazi miaka ya 1990 katika kituo cha icipe, taasisi ya utafiti wa wadudu, kule Mbita, ukingoni mwa Ziwa Viktoria, na Zeyaur Khan na wenzake, wakishirikiana na watafiti wa Rothamsted wa Uingereza na wale wa kilimo wa hapa Kenya. Kituo hicho leo kina jina la Thomas Odhiambo, mwanasayansi wetu aliyeianzisha icipe mwaka 1970. Walikuwa wanapambana na funza wanaotoboa mabua ya mahindi, wala si kayongo. Katikati ya mistari ya mahindi wakapanda desmodiamu, mmea wa malisho wa jamii ya kunde, ambayo harufu yake humfukuza nondo anayetaga mayai ya funza hao. Pembeni wakazungusha nyasi za napia, zinazomvuta akatage huko, na funza wengi wakitoka mayaini wanakwama kwenye utomvu wa napia na kufa. Halafu wakaona jambo ambalo hawakulitafuta: palipokuwa na desmodiamu, kayongo ilipungua sana. Wakachimbua sababu. Mizizi ya desmodiamu hutoa kemikali zinazoiamsha mbegu ya kayongo na nyingine zinazoizuia isijishikize kwenye mahindi. Mbegu inaamka, inakosa pa kunyonya, inakufa.

Ukiijua sababu hiyo, maswali mengi unajijibu mwenyewe. Je, naweza kuing'oa desmodiamu baada ya kuvuna ili nilime vizuri? Hapana, maana ni mizizi inayofanya kazi. Iache isimame misimu na misimu, uwe unaipunguza tu isiyafunike mahindi, na unachokata mpe ng'ombe au mbuzi. Msimu wa kwanza mbona sioni tofauti? Kwa sababu bado ni changa, mizizi haijaenea, na wewe una akiba ya mbegu za tangu enzi za mama mkwe. Usikate tamaa msimu wa kwanza. Ni hapo wengi huilima na kurudi walikotoka. Na maharagwe, ambayo najua ndiyo hoja kubwa ya akina mama wa Vihiga? Yaweke shimo moja na mahindi. Napia yako ikidumaa na kugeuka manjano, ni ugonjwa unaojulikana sana huku kwetu. Ing'oe, uweke nyasi za brakiaria mahali pake.

Mbegu za desmodiamu ni ghali kwa mtu mmoja. Lakini mmea huo unatambaa, na vipande vya shina vyenye vifundo hushika udongoni wakati wa mvua ndefu. Chama chenu kinunue mbegu kidogo, kizipande kwenye shamba moja, kisha kila mwenye nia aje achukue vipande. Na hapa sina huruma: mwenye shamba hilo asiwe mchoyo, kwa sababu hata kwake haitamfaa. Ukisafisha lako na jirani wa juu akaendelea kulea kayongo, maji ya mvua hayaulizi mpaka uko wapi. Shamba la nusu eka halijilindi lenyewe, linalindwa na kijiji.

Kuhusu semina, safari ijayo mkufunzi akimaliza picha zake za ukutani, mwambie kwa heshima, "Mwalimu, twende shambani." Achimbue mmea mmoja wa mahindi wenye kayongo, aoshe mizizi kwenye karai, awaonyeshe pale iliposhika. Akikataa kwenda, kula wali wake uende nyumbani, hiyo ilikuwa sherehe.

SWALI: Mama, mimi ni baba wa watoto watatu, Nakuru. Tumehamia ploti yenye kisima cha kuchimbwa kwa mashine. Maji ni maangavu, na mke wangu huyachemsha kila siku bila kukosa. Sasa kifungua mimba wetu, wa miaka minane, meno mapya yanatoka na madoa ya hudhurungi. Watu wanasema ni peremende. Hatununui peremende!

JIBU: Baba, waache na peremende zao. Nyinyi mnaishi kwenye Bonde la Ufa, ambako maji ya chini hupita katika miamba ya volkano na kubeba madini ya floraidi. Kidogo hulinda meno. Yakizidi, meno yanayojijenga ndani ya ufizi hutoka na madoa. Shirika la Afya Duniani linaweka kikomo cha miligramu 1.5 kwa lita, na visima vingi vya upande huo hukivuka. Meno yako wewe yalishakomaa zamani, ndiyo maana unakunywa maji hayohayo na madoa huna. Jino lililotoka juzi lilikuwa likijengwa miaka kadhaa nyuma, kwa hiyo kumbuka pia maji ya mlikokuwa mkiishi kabla ya kuhamia hapo.

Mkeo anafanya alichofundishwa, na amefundishwa vizuri: kuchemsha huua vijidudu vya kipindupindu na homa ya matumbo. Lakini floraidi si kijidudu. Moto hauigusi, na maji yakipungua kwa mvuke, floraidi inayobaki inakolea zaidi. Maji ya kuchemsha, hata yakiwa salama kwa kipindupindu, kwa meno hayajabadilika.

Peleka chupa ya maji maabara ya maji, mjue kiwango. Kikiwa juu, maji ya kunywa na kupikia ya watoto hasa wadogo yatoke kwenye mvua ya paa, au yapite kwenye kichujio cha mkaa wa mifupa. Dayosisi ya Katoliki ya Nakuru imetengeneza vichujio hivyo kwa miaka mingi: mifupa ya ng'ombe inachomwa kwa joto maalumu, na mkaa wake hunasa floraidi. Usijaribu kuuchoma jikoni kwako. Ukiungua vibaya maji yatanuka. Jambo moja ambalo wanunuzi husahau ni kwamba mkaa huo hushiba. Ukishashiba, maji yanapita yakiwa yaleyale, na ladha haibadiliki ikakushtua. Uliza tarehe ya kuubadilisha siku unayonunua, uiandike juu ya ndoo kwa wino usiofutika. Na mtoto asisuguliwe meno kwa majivu wala mchanga. Madoa yamo ndani ya jino, mnamwumiza bure. Mpeleke kwa daktari wa meno. Kisha waambie wapangaji wenzako wote, maana kisima ni kimoja.

SWALI: Bi. Shamba, mimi ni mwanafunzi, Kakamega. Kukhu wangu, yaani nyanya yangu, anaijua miti ya msituni yote, na mukombero, ule mzizi wa kutafuna, huchimba mwenyewe. Mwalimu anasema niyaandike maarifa yake na kuyaweka mtandaoni yasipotee. Kukhu hataki. Nifanyeje?

JIBU: Msikilize Kukhu. Kenya ina sheria ya mwaka 2016 inayolinda maarifa ya jadi, na msingi wake ni kwamba wenye maarifa waulizwe kwanza na wakubali. Kutokubali kwake kuna maana. Huenda amewaona watu wakiingia msituni na majembe baada ya kusikia habari za mukombero. Anayeng'oa mzizi wote huua mmea, na mizizi hiyo inauzwa hadi Nairobi.

Muombe umwandikie yeye na familia, daftari libaki nyumbani. Andika majina kwa lugha anayoyatamka, mti unakaa wapi, unachumwa msimu gani, na hasa kile anachoacha: mzizi upi haukatwi, mti upi haubanduliwi gamba upande wote. Muulize sababu ya kila katazo. Mkipata nafasi pandeni mukombero ua wa nyuma, wakulima kadhaa kando ya msitu wamefanya hivyo, ili kuchimba porini kupungue. Vipimo vya dawa usivitume popote, hata kwangu.