Jibu: Simu inapokea kwenye redio ya gari, Android Auto haifunguki

Habari ndugu. Umesema simu zinapokelewa vizuri kwenye redio ya gari, ila Android Auto isiyo na waya (programu inayoleta ramani na muziki wa simu kwenye skrini ya redio) haifunguki. Yalinikuta hayo hayo. Angalia Wi-Fi ya simu kwanza, iwe imewashwa hata kama huna bando. Bluetooth inatambulisha simu kwa redio na kupitisha maongezi tu. Ramani na muziki vinapita kwenye Wi-Fi kati ya simu na redio. VPN (programu inayopitisha intaneti yako kwenye njia ya siri) nayo izime.

Ikigoma, futa jina la gari kwenye simu, halafu futa na jina la simu kwenye redio. Mimi nilikuwa nafuta upande mmoja tu, ndiyo maana nilihangaika wiki nzima! Gari likiwa limesimama, unganisha upya na ukubali kila ruhusa itakayotokea.