Kesi yangu ya talaka inapigwa tarehe tu. Nimwandikie Jaji?

*Shangazi, shikamoo. Nilifungua shauri la talaka na mgawanyo wa mali Mahakama ya Wilaya. Huu mwaka wa pili ni kupigwa tarehe: mara wakili wa mume ana udhuru, mara hakimu yuko likizo, mara kahamishwa. Mume hatoi hata hela ya unga, na nasikia anatafuta mteja wa nyumba. Binamu yangu anasema nimwandikie Jaji wa Mahakama Kuu. Nikimshtaki hakimu, si atanikomoa? Mama Wawili, Morogoro*

Marahaba, mwanangu. Kwanza ondoa hilo neno "kumshtaki". Kuomba shauri lako lisikilizwe ni haki yako; Ibara ya 107A ya Katiba inaitaka mahakama isicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Mahakama Kuu inazisimamia mahakama za chini, inaweza kuita jalada, kulikagua na kuelekeza shauri liendelee. Binamu yako hajakosea, ila kakurukisha ngazi.

Anza na Hakimu Mfawidhi, yaani hakimu msimamizi wa mahakama hiyo, hapo hapo wilayani. Barua iwe ya ukurasa mmoja: namba ya shauri, siku ulipolifungua, kila tarehe lilipoahirishwa na nani aliomba. Na kama siku nyingine wewe ndiye hukufika, iandike pia, maana jalada litasema. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Kimya kikizidi, ndipo umwandikie Jaji Mfawidhi, yaani jaji msimamizi wa Mahakama Kuu, ukiambatisha ile ya kwanza. Wakili wa mumeo naye mpe nakala, isije ikaonekana umepita mlango wa nyuma.

Habari za nyumba ndogo na matusi ya mama mkwe ziache kwa ajili ya ushahidi wako. Jaji hatakupa talaka kwa barua. Unachomwomba ni mwendo wa kesi, basi. Na ukishindwa kwenye uamuzi mdogo wa katikati, usikimbilie rufaa. Jalada likipanda juu huko, utalisubiri wewe.

Kinachonitia wasiwasi zaidi ni watoto na nyumba. Matunzo ya watoto hayasubiri hukumu ya talaka. Peleka maombi sasa, na risiti za ada na za dawa mkononi. Nyumba mnayoishi kama familia, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 hairuhusu mmoja aiuze bila ridhaa ya mwenzake. Kama ina hati, kaweke zuio kwa Msajili wa Hati. Kama haina, ipe serikali ya mtaa taarifa ya maandishi, kwa sababu mauziano mengi ya mtaani hupitia mezani kwao. Mahakamani nako omba amri ya kumzuia mumeo asiiuze. Huna fedha za wakili? Ulizia masjala, ile ofisi ya mahakama inayotunza majalada, watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa. Sheria yao ipo tangu 2017.

Tarehe ijayo, mumeo na wakili wake wasipotokea tena bila taarifa, simama umwombe hakimu asikilize upande mmoja. Nenda na mashahidi wako siku hiyo hiyo.