Maswali ya Wasomaji: Kupanda Mlima kwa Siku Moja

Barua nne zimetufikia tangu wasomaji waanze kupanga likizo zao, na zote zinauliza, kila moja kwa namna yake, kuhusu kupanda mlima mrefu asubuhi na kurudi jioni mkiwa na mwongozaji. Nimezijibu zote hapa, na ile ya pili nimeipa nafasi kubwa zaidi kwa sababu inagusa jambo ambalo, kwa maoni yangu, wasafiri wengi hulielewa visivyo.

Swali: Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi mwenye umri wa miaka 54. Wanangu wamenialika twende Kilimanjaro mwezi Januari, tupande na kushuka siku hiyohiyo. Jirani yangu anacheka na kusema kwamba safari ya namna hiyo haipo, kwa kuwa mlima ule hupandwa kwa siku tano au sita. Nani mkweli? Na je, mtu mwenye presha kama mimi, ambaye ninatumia dawa na presha yenyewe imetulia, ninaweza kwenda? – Mwalimu, Muheza

Jibu: Mama mwalimu, jirani yako na wanao wote wamesema kweli, ila hawazungumzii mahali pamoja. Jirani anazungumzia kilele cha Uhuru, chenye mita 5,895 juu ya usawa wa bahari, ambacho kwa njia ya Marangu huchukua siku tano au sita kwenda na kurudi. Wanao, bila shaka, wanazungumzia safari ya kutoka Lango la Marangu hadi kituo cha Mandara, kilichoko mita 2,720. Lango lenyewe liko kwenye mita 1,900 hivi, kwa hiyo mtapanda zaidi ya mita 800 katika mwendo wa takriban kilomita 8, kisha mtarudi chini mchana huohuo. Atakayekuuliza baadaye kama umepanda Kilimanjaro, mjibu kwamba umepanda, kwani msitu nao ni mlima, na wengi wanaokimbilia kileleni huupita bila kuutazama.

Ukianza kutembea saa mbili asubuhi, utafika Mandara kati ya saa tano na saa sita, kwa mwendo wa mtu asiyeshindana na yeyote. Katikati ya njia kuna mahali pa kupumzikia panapoitwa Kisambioni, ambapo wengi huketi na kula. Inua macho ukiwa hapo, maana mbega hupita juu ya miti, weusi wenye manyoya meupe mgongoni na mikia inayoning'inia kama vitambaa. Chini, pembeni mwa njia palipo na unyevu, mwombe mwongozaji akuonyeshe ua dogo jekundu lenye kijimkia cha njano kilichopinda kama ndoana. Ua hilo haliko kwenye mlima mwingine wowote duniani. Mimi hupiga magoti kulitazama kila nipitapo, na sioni haya kulisema.

Kutoka Mandara, kasoko ya Maundi iko umbali wa robo saa au zaidi kidogo. Hapo miti mirefu inakwisha na vichaka na majani yanaanza, na kama mawingu hayajapanda utaona vilele vya Kibo, ndipo ulipo Uhuru, na Mawenzi upande mmoja na nyanda za Taveta, nchini Kenya, upande mwingine. Mawingu hupenda kuja mchana, na hiyo ni sababu nyingine ya kuanza mapema. Januari mmechagua vyema, kwa kuwa vuli huwa imekwisha na masika hayajafika.

Kuhusu presha, nenda kwa daktari wako majuma kadhaa kabla ya safari, umweleze kwamba utafika mita 2,700, na umwombe apime na kupitia dawa zako. Presha iliyotulia kwa kawaida haimzuii mtu kufanya matembezi ya kiasi hicho, lakini ruhusa atoe yeye aliyeshika faili lako. Siku ya safari usiruke dozi, na dawa ziwe kwenye begi lako mwenyewe, si la mwanao atakayetangulia mbele. Niongeze jambo ambalo hukuliuliza: kama katika familia yuko mwenye selimundu, asipande bila kibali cha daktari hata kama anajisikia mzima kabisa, kwa sababu kule juu kila pumzi inaleta karibu robo tatu tu ya oksijeni inayopatikana pwani, na upungufu huo unaweza kumwamshia maumivu makali.

Swali: Shikamoo. Sisi ni wanafunzi sita wa chuo kikuu. Mwezi uliopita tulifika Mandara saa sita na nusu tukiwa na nguvu tele, tukamwomba mwongozaji atuendeleze hadi Horombo halafu turudi. Alikataa katakata, na saa nane kamili akatuamuru tuanze kushuka ilhali jua lilikuwa bado linawaka. Tulikuwa tumelipa kila kitu. Je, mwongozaji tuliyemlipa sisi ana mamlaka gani ya kutuamuru? – Mwanafunzi, Dar es Salaam

Jibu: Marahaba, mdogo wangu. Kwanza tupige hesabu pamoja. Horombo, kituo kinachofuata baada ya Mandara, iko mita 3,720, na kutoka Mandara ni kilomita 12 hivi ambazo watembeaji wengi huzimaliza kwa saa tano au sita. Mngeondoka Mandara saa sita na nusu, mngefika Horombo jua likikaribia kuzama, mkiwa mmepanda mita 1,800 tangu asubuhi, na kurudi langoni kungekuwa na kilomita 20 za kutembea gizani, sehemu yake ya mwisho ikiwa ndani ya msitu wenye mizizi na utelezi. Kulala Horombo kusingewezekana, kwa kuwa nafasi za kulala huombwa na kulipiwa kabla, nanyi kibali chenu kilikuwa cha siku moja.

Najua utaniambia kwamba wako waliofanya makubwa kuliko hayo, nami siwapunguzii sifa. Simon Mtuy, Mtanzania mwenzetu, mwaka 2006 alipanda hadi Uhuru na kushuka kwa saa 9 na dakika 21 akiwa amejibebea mahitaji yake, na mwaka 2014 Karl Egloff alifanya hivyo kwa saa 6 na dakika 42. Lakini hao ni wakimbiaji wa milimani ambao miili yao ilikwisha kuizoea hewa nyepesi kwa mazoezi ya muda mrefu, wakati ninyi mlitoka Dar es Salaam, kwenye usawa wa bahari. Mwili unaotoka pwani huanza kudai muda wake kuanzia kwenye mita 2,500 hivi, na nguvu za ujana hazisaidii kitu. Tena kijana mwenye mapafu mazuri ndiye anayeumwa zaidi mara nyingi, kwa sababu hupanda haraka kuliko mwili unavyoweza kujirekebisha.

Sasa nije kwenye mamlaka. Kanuni za hifadhi hazimruhusu mtu kupanda Kilimanjaro bila mwongozaji aliyesajiliwa, na kanuni hiyo haikuwekwa ili mpate mtu wa kuwaonyesha njia. Njia ya Marangu ni pana na haipotezi mtu kirahisi. Mwongozaji yuko pale ili pawepo mtu mmoja katika kundi ambaye hajalewa hamu ya kufika. Mlichomlipa ni uamuzi wake, na uamuzi huo unajumuisha neno "turudi". Aliposema saa nane alikuwa amekwisha kuhesabu saa mbili au mbili na nusu za kushuka, akaongeza muda wa mmoja wenu kuteguka mguu, akapata jioni ambayo bado ina mwanga. Ungekuwa mwanangu, ningempelekea mtu huyo shukrani.

Nina sababu ya kulisema hili kwa mkazo. Miaka kadhaa iliyopita nilifika Mandara nikiwa na kichwa kinachogonga, nikaamua kunyamaza ili nisiwakwamishe wenzangu. Mwongozaji wetu, mzee mmoja wa Marangu aliyevaa sweta lililotiwa viraka viwikoni, alikuwa akitusimulia habari za migomba yake na maji ya mfereji. Akakatisha hadithi, akaniuliza nina ndugu wangapi. Nilichelewa kujibu, na nilipojibu nilikosea. Akanitazama midomo, akanishika kiganja, akanivua begi bila kuniomba, akawaambia wenzangu kwamba Maundi wataenda na msaidizi wake. Tulishuka taratibu, na kabla hatujafika Kisambioni kichwa kilikuwa kimeacha. Nilipomuuliza alijuaje, alisema kwamba tangu asubuhi nilikuwa nikimkatiza kwa maswali, na nilipoacha kumkatiza ndipo alipoanza kunichunga.

Hicho ndicho anachokitazama mwongozaji mzuri wakati ninyi mnadhani anapiga soga. Anasikiliza nani amenyamaza, nani anakataa chakula, na nani ameanza kukanyaga kando kama mlevi. Msimfiche chochote, wala msimeze dawa za maumivu kimyakimya ili muendelee kupanda, kwa kuwa dawa hutuliza kichwa lakini haiondoi kilichokisababisha. Mwenye kichwa kinachouma na kichefuchefu asipande hata hatua moja zaidi, na asipopata nafuu ashuke, kwa sababu kushuka ndiyo tiba. Marangu wamekuwa na kazi hii kwa vizazi. Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walipofika kilele cha Kibo mwezi Oktoba 1889 walitegemea watu wa hapo, na hadi leo jina la Yohani Kinyala Lauwo, anayesimuliwa kuwa aliwaongoza, linatajwa kwa heshima miongoni mwa waongozaji. Mwandikieni mwongozaji wenu. Naamini atafurahi kusikia kwamba mmemwelewa.

Swali: Nimeambiwa kwamba Mlima Hanang hupandwa hadi kileleni na kushukwa kwa siku moja. Je, ni rahisi kuliko Mandara? – Msomaji, Singida

Jibu: Ni kweli kwamba hupandwa kwa siku moja, lakini si rahisi, ndugu yangu. Hanang una mita zaidi ya 3,400, na ukianzia upande wa Katesh utapanda mita zaidi ya 1,600, yaani karibu mara mbili ya zile za Mandara, kwenye mteremko mkali usio na vibanda vya kupumzikia. Waongozaji huanza kabla ya mapambazuko, na watu wengi hurudi wamechoka kabisa. Nakushauri ufanye matembezi marefu ya vilimani kwa miezi miwili kwanza, na usiende wakati wa mvua. Sote tunakumbuka tope lililoporomoka kutoka mlimani humo tarehe 3 Desemba 2023 na kuua watu zaidi ya 80 Katesh na vijiji vya jirani. Mwongozaji wa pale akikuambia kwamba udongo umelowa mno na safari iahirishwe, ahirisha.

Swali: Assalamu alaikum. Mimi nimezaliwa Unguja na baridi sijaizoea. Naomba kujua nivae nini nikienda Mandara, nimpe nini mwongozaji, na malipo ya langoni yakoje. – Bibi wa Makunduchi

Jibu: Waalaikumu salaam, bibi. Kwa kawaida joto hupungua nyuzi 6 hivi kila unapopanda mita 1,000, kwa hiyo mkiondoka Moshi mjini kwenye nyuzi 30, Mandara mnaweza kukuta 18 au pungufu, na ukiwa umeloa jasho upepo utaifanya baridi izidi. Vaa nguo nyepesi inayokauka upesi ndani, sweta juu yake, na koti la mvua liwe begini hata kama asubuhi ni ya jua kali, maana msitu ule una mvua zake wenyewe. Nguo za pamba tupu hushika maji na kukugandisha. Kanga ichukue ya kujifunika mnapoketi.

Beba maji lita 2 au 3 katika chupa ya kudumu. Chupa za plastiki za kutupwa haziruhusiwi mlimani, na mifuko ya plastiki, kama ujuavyo, ni marufuku nchi nzima tangu Juni 2019. Langoni hawapokei fedha taslimu, hivyo mwombe anayewaandalia safari akamilishe malipo mapema, nawe usisahau kitambulisho, kwa sababu raia wa Afrika Mashariki hulipa kiwango cha chini sana kuliko wageni, na bila kitambulisho hutaweza kuuthibitisha uraia wako. Bahasha ya mwongozaji kubalianeni wenyewe kabla ya safari, wekeni fedha zenu humo, na mmoja wenu ampe mkononi baada ya kushuka, msaidizi naye asisahauliwe.

Viatu viwe vile ulivyokwisha kuvizoea, vyenye soli ya meno, na kucha za miguu uzikate siku mbili kabla. Watu huogopa kupanda, lakini vidole vya miguu huumia wakati wa kushuka, vinapogonga mbele ya kiatu kwa kilomita 8 mfululizo. Kabla hujaondoka Mandara, keti, legeza kamba zote, gonga kisigino chini ili mguu urudi nyuma, kisha zikaze upya kuanzia katikati ya kiatu hadi kifundoni. Ukishindwa kuinama, mwambie mwongozaji akusaidie. Amewafungia wengi kabla yako.